Nafasi Aliyomwachia Mama

Kaka yangu Obiero alipiga gitaa la solo. Nasema mapema kwamba sikuja hapa kulia, kulia nilishamaliza. Nimekuja kusema juu ya mtu aliyeingia nyumbani kwetu Dunga, kando ya ziwa pale Kisumu, akapokewa kwa heshima, akala samaki wetu, akaondoka na sauti ya marehemu, na mpaka leo anazunguka Nairobi na miwani yake ya jua akiitwa prodyusa. Jina lake ni Tom Oduor. Nalitaja lote, maana yeye ndiye bingwa wa kufuta majina ya watu.

Lakini kwanza nieleze kidogo mambo ya pakruok, kule kujisifu ngomani kwetu Wajaluo, kwa ajili ya wale ambao hawajawahi kucheza ngoma za kwetu. Muziki wetu, uwe wa nyatiti, kinubi chetu cha nyuzi nane, au wa benga wa magitaa, una mlango. Wimbo ukiwa umepamba moto, mtu yeyote aliyemo anaweza kuinua mkono na wapigaji wakanyamaza. Atajisifu. Atamsifu mama yake, mkewe, kijiji alichotoka, hata ng'ombe wake kama ana ng'ombe wa kusifiwa. Akimaliza anakaa, na wimbo unaendelea. Kupiga ala huku mtu anajisifu ni kumtukana mbele za watu, na sijawahi kumwona mwanamuziki wa Kisumu aliyethubutu.

Sasa, ndani ya santuri hakuna ukumbi wala mtu wa kuinua mkono. Kwa hiyo mwaka wa themanini na nne, bendi yao ilipokwenda kurekodi katika studio ndogo ya Nam Sounds, nyuma ya duka la baiskeli pale mjini, Obiero aliinua mkono wake mwenyewe. Wimbo uliitwa Dunga Odhiambo, yaani Dunga wakati wa jioni. Ukifika katikati, solo inanyamaza, gitaa la ridhim linanyamaza, inabaki besi ikitembea na ngoma peke yao. Hapo Obiero anaita: "Seline nyar Uyoma, iwinja?" Seline binti wa Uyoma, unanisikia? Halafu besi inatembea tena kidogo bila mtu kusema neno, ndipo magitaa yanarudi.

Seline ni mama yetu. Siku ambayo Obiero alileta santuri nyumbani, mama alikuwa anachambua maharagwe na wala hakuwa anasikiliza sana. Alipoitwa, aliinua kichwa akajibu, "Awinji." Nakusikia. Alijibu santuri! Tulicheka mpaka maharagwe yakamwagika. Obiero alicheka kuliko sote, kisha akasema, "Si nimemwachia nafasi ya kujibu?" Na kweli alikuwa amemwachia. Kile kipande cha besi tupu kilikuwa cha mama.

Obiero alikufa mwaka wa themanini na nane kwa homa ya uti wa mgongo. Tulimzika mbele ya nyumba yake, ndani ya boma. Mimi nilikuwa nimerudi nyumbani baada ya ndoa yangu kunishinda, nauza mitumba soko la Kibuye, kwa hiyo niliona kwa macho yangu jinsi mama alivyovuka miaka ile. Hakuivuka kwa sala peke yake, ingawa anasali. Kila jioni, akishafungia kuku, alitoa ile santuri, akaifuta, akaiweka kwenye kinanda chetu cha betri. Anakaa kwenye kiti chake kifupi. Obiero anaita. Yeye anajibu, "Awinji, wuoda." Nakusikia, mwanangu. Kisha anaizima, anaenda kupika. Majirani wapya walikuwa wanadhani tuna mgeni kila jioni.

Basi mwaka wa tisini na sita, Jumamosi moja mchana, gari lilisimama nje ya boma. Akashuka kijana mnene kidogo, amevaa shati jeusi, akaja mpaka langoni akasimama. Akauliza kwa sauti ya chini kabisa, "Hapa ndio kwa marehemu Obiero?"

Kwetu mtu anayekosa mazishi haachi kuja. Anaweza kuja baada ya mwezi, anaweza kuja baada ya miaka kumi, labda alikuwa kazini mbali, labda alikuwa jela. Akifika langoni akataja jina la marehemu kwa sauti ile, humuulizi alikuwa wapi. Unalia naye, unampeleka kaburini, unampa chakula, na kama marehemu aliacha kitu, unamgawia kidogo cha kumkumbukia. Mama alipoisikia sauti ile, alipiga yowe palepale kwenye mlango wa jikoni na kumkimbilia mgeni mikono ikiwa kichwani. Nami nikafuata.

Na yeye? Mtu aliyekuja kwa shughuli zake, mtu aliyekuwa na nafasi ya kusema "Pole, Mama, mimi nimekuja kwa mambo ya kazi," alifanya nini? Alivua miwani akalia. Alilia mpaka kamasi zikamtoka. Baba yake ni mtu wa Bondo. Yeye alikulia Nairobi, lakini kwetu alikujua vya kutosha kujua analilia nini na atapewa nini.

Tulimpeleka kaburini, kisha tukamkaangia samaki. Alipokwisha kula, alianza kueleza. Alisema kampuni yake imenunua tepu zote za zamani za Nam Sounds, lakini nyingi zimeingia unyevu na kuota ukungu, na ile ya Obiero ndiyo imeharibika kabisa. Alikuwa anatafuta santuri nzuri ya kunakili. "Mama, siku hizi kuna kompyuta," alisema. "Tutaisafisha mpaka hakuna mkwaruzo hata mmoja. Itatoka kwa CD. Obiero atasikika mpaka ng'ambo."

Mama alisikia neno moja tu: Obiero atasikika. Alivua kitambaa chake cha kichwa, akaifuta santuri pande zote mbili, akaifunga ndani ya kitambaa hichohicho na kumpa. Hakuweka sharti lolote. Nani anamwekea sharti mtu aliyelia juu ya kaburi la mwanawe?

Tom alisema ataileta baada ya wiki chache. Mvua za masika zikaja zikaisha. Jioni mama alifungia kuku, akakaa kwenye kiti chake kifupi kando ya kinanda, halafu akaenda kupika. Nilipomwambia tuweke santuri nyingine, alikifunika kinanda.

Mwishowe kifurushi kilikuja na basi. Ndani kulikuwa na kaseti moja na CD moja. Santuri haikuwemo, wala kitambaa. CD hatukuwa na pa kuiweka, lakini kaseti tulikuwa na redio yake. Mama alioga. Alivaa gauni la kanisani. Aliwaita majirani wawili waje wasikie jinsi Obiero alivyofanywa mpya, na tukaketi.

Sitasema uongo: ilikuwa safi. Ungesikia vidole vya kaka yangu vikiteleza kwenye nyuzi. Mimi mwenyewe nywele zilinisimama. Tukafika katikati, solo ikanyamaza, ridhim ikanyamaza, besi ikaanza kutembea, na mama akavuta pumzi tayari. Kisha magitaa yakarudi.

Mama alikuwa bado ameacha mdomo wazi. "Rudisha," aliniambia. Nikarudisha. Besi, ngoma, magitaa. Nikarudisha tena kwa sababu mimi pia sikuamini. Wimbo ulikuwa umeshonwa vizuri sana mahali pale, kama vile hapakuwa na mtu aliyewahi kufungua mdomo. Majirani walitazama sakafu. Mama hakulia. Aliniuliza tu, kama mtoto, "Mbona hakuniita?"

Hapo ndipo hasira yangu ilipozaliwa, na sijaizika mpaka leo.

Asubuhi nilichukua ile kaseti nikaenda kwa Mumbi. Mumbi ana duka la kaseti karibu na stendi ya mabasi. Alizaliwa Nyeri, akaletwa Kisumu na ndoa, ndoa ikaondoka yeye akabaki, na Kijaluo chake ukigombana naye utakimbia. Anamjua kila mtu aliyewahi kushika gitaa kutoka hapa mpaka Sondu. Alisikiliza mpaka pale katikati, akazima, akakuna kichwa.

"Dorca, keti chini," alisema. "Sasa sikia hii."

Akaweka kaseti nyingine, ya wale vijana wawili wa rap wa Nairobi ambao mji mzima ulikuwa unawacheza. Nilikuwa nimewasikia sokoni bila kuwasikiliza. Sasa nilisikiliza. Ile besi! Besi ya Dunga Odhiambo, inatembea, inafika mwisho, inaanza tena, inatembea, inaanza tena, haiendi popote. Na juu yake wale watoto wanasimulia habari za viatu vyao.

"Inaitwa sample," Mumbi alisema. "Wanakata kipande cha wimbo ya mtu wanakizungusha. Huko kwa wenzetu, kabla uuze unaenda kwa mwenyewe kuomba ruhusa. Sasa angalia akili ya huyu mtu. Hicho kipande kikiwa na sauti inaita Seline nyar Uyoma, si kila mtu hapa atajua mwenyewe ni nani? Ukitoa jina, inabaki besi tu. Besi haina mama."

"Na hii yetu? Ile imesafishwa? Kwa nini hata hii?"

"Kwa sababu mtu akisikia yako akasikia na yao, atauliza. Wametoa kote."

Niliomba simu. Mumbi alinipigia namba iliyoandikwa nyuma ya kaseti, na baada ya kupitishwa kwa msichana mmoja na mwingine, nilimpata.

"Sister Dorca!" alisema. "Mmeipata? Mmesikia vile iko clean?"

"Tom, sauti ya Obiero iko wapi?"

"Sauti gani? Si gitaa lake liko hapo mwanzo mpaka mwisho?"

"Ile anaita mama."

Alicheka kidogo. "Aaa, hiyo shouting? Hiyo tulitoa. Watu wa siku hizi hawataki kelele katikati ya ngoma. Halafu lawyer alisema majina yote yatoke, tusisumbuane baadaye."

Kelele. "Jina la mama yangu ndio kelele? Ulikula kwake! Alikuita mtoto!"

"Sister, usinipigie mdomo. Tuko na karatasi. Tulinunua tepu na haki zote, kila kitu ni legal. Mkitaka mambo ya permission, mwulizeni mwenye Nam Sounds, na yeye alishakufa."

"Mimi sijakuuliza karatasi. Kaa na karatasi yako. Kaa na besi. Nipe ile ya kwanza, yenye anaita. Iweke kwa kaseti ya shilingi ishirini, utume na basi. Ni hiyo tu mama anataka."

Nilijua kabla hajasema.

"Hiyo ya kwanza tulifuta," alisema. "Kompyuta ilikuwa imejaa."

"Na santuri?"

"Tulipomaliza kunakili, santuri ilibaki kwa gari. Tulisimama Nakuru kula, na jua ya siku hiyo… Ilijikunja kidogo. Naweza kuituma kama mnataka."

Niliitaka. Ilikuja imekunjamana ukingo kama chapati iliyosahauliwa kwenye kikaango, ikiwa bado ndani ya kitambaa cha mama. Mumbi alijaribu kuicheza kwenye mashine yake nzuri. Sindano iliruka, ikaruka, ikakataa.

Tukaanza kutafuta nakala nyingine. Nam Sounds ilikuwa imetoa chache, na redioni wimbo ule siku zote ulizimwa kabla ya kufika katikati, maana ulikuwa mrefu. Mumbi aliuliza wateja wake wote. Huko Maseno tulimpata mwalimu wa chuo aliyekuwa na Dunga Odhiambo kwenye kaseti. Alikuwa ameirekodi kutoka redioni, na ilizimika palepale solo inaponyamaza. Bondo hakuna. Sondu nilimpata mzee aliyekuwa na jalada la santuri, zuri kabisa, lina picha ya bendi nzima na Obiero amesimama pembeni na suruali yake pana. Ndani ya jalada hamkuwa na kitu. Santuri wajukuu waliichezea wakaivunja. Mzee alinipa jalada, nikaja nalo nyumbani, mama akalitundika ukutani.

CD niliifunga uzi nikaitundika kwenye shamba la mtama. Inafukuza ndege vizuri sana. Hiyo ndiyo faida yetu yote kutoka kwa kompyuta ya Tom Oduor.

Lakini kupoteza sauti hakukuwa ndiyo sehemu mbaya kabisa. Sehemu mbaya ilikuwa ile besi. Wimbo wa wale vijana ulikuwa kila mahali: kwenye vioski, kwenye magari, kwa kinyozi, kwa jirani anayefua nguo. Na kila besi ilipoanza kutembea, mama aliinua kichwa. Hakuweza kujizuia. Miaka kumi na zaidi sikio lake lilikuwa limezoea kwamba besi ikitembea peke yake, mwanawe anafuata. Anainua kichwa, anangoja, wanakuja watu na viatu vyao, anainamisha kichwa. Mara ngapi kwa siku? Nilianza kuwafokea majirani wazime redio. Nikagombana na kinyozi. Mtaa mzima ukaniona nina wazimu, na sikujali.

Ndipo likatoka tangazo kwamba wale vijana wanakuja Kisumu, Jumapili mchana, kwenye ukumbi wa jamii, pamoja na prodyusa wao. Nilimwambia Mumbi nitakwenda kumvua Tom miwani mbele ya watu. Mumbi alisema atanishikia mkoba. Sijui mama alitusikia wapi. Jumapili baada ya kanisa hakubadilisha gauni lake. Alichukua fimbo yake akasema, "Twende."

"Mama, huko ni watoto na makelele."

"Si nasikia mwanangu anapigwa huko?" alisema. "Twende."

Ukumbi ulikuwa umejaa vijana wenye kofia zilizogeuzwa nyuma. Walitupisha, si kwa heshima, kwa mshangao. Jukwaani hakukuwa na gitaa hata moja. Kulikuwa na meza, mashine ya kaseti, spika kubwa, wale vijana wawili na maiki zao, na Tom amesimama nyuma ya meza akitikisa kichwa kama mtu aliyepiga kitu. Mimi nilikuwa natafuta njia ya kupanda. Hotuba yangu ilikuwa tayari, na ilikuwa na matusi ya kutosha.

Besi ikaanza kutembea. Kabla wale vijana hawajafungua midomo, mama aliinua mkono.

"Chung'!" alisema. Simama.

Mashine haijui pakruok. Iliendelea. Tom alimwona mama, nami niliona kwamba amemtambua, lakini mkono wake haukwenda kwenye kibonyezo. Aliwaashiria wale vijana waanze. Wakaanza kuimba huku mama yangu amesimama na mkono juu, katika gauni lake la kanisani.

Basi hapo ndipo Tom alipokosea, kwa sababu alidhani wale watoto wenye kofia ni wa Nairobi. Walikuwa watoto wa Kisumu. Kila mmoja wao alikuwa ameshikwa mkono na mjomba wake kwenye harusi akaona muziki ukisimamishwa. Kwanza alianza mama mmoja muuza soda pale mlangoni, Milka. "Nyinyi! Mama ameinua mkono!" Kijana mmoja akapiga mluzi. Mwingine akainua mkono wake. Kisha ukumbi mzima ulikuwa unapiga kelele, "Chung'! Chung'!" na wale vijana wa rap wakanyamaza wenyewe, mmoja akatembea mpaka kwenye meza akaizima mashine. Tom hakumzuia.

Mama hakupanda jukwaani. Alisema kutoka palepale, kwa Kijaluo, na sauti yake si kubwa lakini ukumbi ulikuwa kimya.

"Mimi ni Seline nyar Uyoma, mama yake Obiero wa Dunga, aliyepiga gitaa mpaka samaki wakaja ufukweni kusikiliza. Mnachocheza ni chake. Hapo mnapochezea, hapo pasipo na magitaa, alipaacha wazi ili aniite na mimi nimjibu. Wamemtoa yeye, wakaingia wao. Sisemi msicheze. Chezeni. Lakini wekeni tena, niwaonyeshe mahali alipokuwa."

Kijana akabonyeza. Besi ikatembea. Hakuna aliyeimba. Mama aliinamisha kichwa upande, na ilipofika akasema, "Hapa." Akangoja kidogo, urefu ule wa jina lake. "Awinji."

Besi ikazunguka, kama ilivyotengenezwa kuzunguka. Safari hii, kabla mama hajasema neno, ukumbi mzima uliita: "Seline nyar Uyoma, iwinja?" Mama akajibu. Ikazunguka tena, wakaita tena. Mumbi alikuwa amenishika mkono na kunifinya mpaka ikawa inauma. Nilimtafuta Tom nimwambie yangu, lakini alikuwa ameshatoka kwa mlango wa nyuma.

Tangu siku ile, mji huu ukicheza wimbo ule, hauchezwi bila kuita. Kwa kinyozi wanaita. Watoto wakitoka shule wanaita wakipita mbele ya boma letu. Jina ambalo mwanasheria wa Nairobi aliagiza litolewe sasa linajulikana mpaka na watu ambao hawajawahi kumwona mama. Watu wananiambia, Dorca, mmeshinda. Nawauliza, tumeshinda nini? Sauti ya kaka yangu imerudi? Mama anawajibu watoto kwa adabu, maana yeye ni mtu wa adabu, lakini jioni anakaa kwenye kiti chake kifupi na hakuna anayemwita.

Nilidhani yamekwisha. Mwezi jana, Jumamosi mchana, gari lilisimama nje ya boma.

Alikuja mpaka langoni, safari hii na shati jeupe, na mashine ya kurekodia begani. Nilikuwa nafua. Nilishika karai la maji machafu na nilikuwa nimelikaza mikononi wakati mama aliposema kutoka kivulini, "Mwache aingie."

Aliingia. Akaketi. Hakuna aliyemkaangia samaki.

"Mama," alisema, "ile siku ya ukumbini watu waliipenda sana. Kila mahali wanasema awinji, awinji. Tunatengeneza version mpya ya ile wimbo. Nimekuja kurekodi wewe ukisema, kwa sauti yako mwenyewe. Na safari hii jina lako litaandikwa kwa jalada. Ruhusa pia naomba, vizuri kabisa."

Huyu mtu alikuwa amekata swali akalitupa, na sasa amerudi kuchukua jibu.

"Weka mashine yako," mama alisema.

"Mama!"

"Dorca, nyamaza. Weka."

Tom aliweka maiki juu ya kigoda mbele yake, akabonyeza, na kaseti ikaanza kuzunguka. "Sema tu, Mama," alisema kwa upole.

Mama aliinamisha kichwa upande, kama anavyofanya kila jioni, akangoja.

"Sema, Mama. Inarekodi."

"Bado hajaniita," mama alisema.

"Hizo zingine tutaongeza huko studio. Wewe sema yako tu."

"Mimi siitiki kabla ya kuitwa," alisema mama. "Nilikupa mtu anayeniita. Mlete aniite, nami nitaitika."

Mama aliendelea kungoja, mkono mmoja umewekwa nyuma ya sikio, bila hasira yoyote usoni, na hilo ndilo lililonichoma zaidi. Kaseti ilizunguka upande wote mpaka ikafika mwisho na kibonyezo kikaruka juu chenyewe. Tom alikunja nyaya zake. Nilimfungulia lango, palepale alipolia mara ya kwanza, na safari hii hakulia.

Kaseti aliondoka nayo, na sikumzuia. Ndani yake kuna kuku wetu, upepo kwenye mtama, na mama yangu akingoja kuitwa. Na aisafishe hiyo.